Mwana au Mji

Mwanamke mwenye mvi ameinua bunduki. Mbele yake kijana amempakia binti wa watu juu ya farasi, siku ileile ya harusi ya binti huyo, na farasi ameshaanza kutimua vumbi. Kijana ni mwanawe wa kumzaa, tena yule ambaye kijiji kizima kinajua kuwa ndiye aliyekuwa akidekezwa. Mama anamwambia amshushe binti. Kijana anamkumbusha kwamba yeye ni mama, na mama hawezi kumuua mwanawe. Mama anafyatua risasi.

Hicho ndicho kilele cha Mother India, filamu ya Mehboob Khan iliyotoka mwaka 1957. Watazamaji wetu wa picha za Kihindi walikuwa na sheria moja wasiyopenda ivunjwe: stelingi hafi. Atapigwa, atafungwa, atasingiziwa, lakini mwisho atainuka na kumalizana na adui, na watu watatoka ukumbini wakiimba. Hapa stelingi anakufa, na anayemuua ni yule aliyemnyonyesha. Ukiwa umeifuata hadithi tangu mwanzo, kwa muda unaokaribia saa tatu, unashindwa kujua umlaumu nani.

Tuanze na deni, maana ndilo lililozaa yote. Radha, ndiye mama huyo, anaolewa, na mama mkwe amekopa rupia 500 kwa mkopeshaji Sukhilala ili harusi ya mwanawe ifane. Hati ameiandika Sukhilala, na mama mkwe asiyejua kusoma ameweka dole gumba. Wazee wa kijiji wanapokaa kusikiliza shauri, wanaona hawana budi kuifuata karatasi: robo tatu ya mavuno iende kulipa riba, na deni lenyewe libaki palepale. Shamu, mume wa Radha, anajaribu kufungua shamba la mawe ili waongeze mazao. Jiwe linamwangukia na kuiponda mikono yote miwili. Mwanamume asiyeweza hata kula bila kulishwa anaona aibu kuwa mzigo, na usiku mmoja anaondoka moja kwa moja. Mafuriko yanakuja, kichanga kinakufa, njaa inabisha hodi. Ng'ombe hawapo, kwa hiyo Radha anajifunga jembe la kukokota na kulivuta mwenyewe. Sura ile, mama na jembe, ndiyo iliyobaki kuwa nembo ya filamu hadi leo.

Wanabaki wavulana wawili. Ramu ni mtulivu. Birju, tangu angali mdogo, macho yake yako kwenye bangili za mama zilizowekwa rehani kwa Sukhilala. Hajui kusoma, ila anajua kwamba ndani ya yale madaftari mekundu kuna wizi. Anapokua anaingia porini na kuwa jambazi, anarudi siku ya harusi, anayachoma madaftari, anamuua Sukhilala, kisha anambeba binti yake. Radha alikuwa amemwahidi mkopeshaji yule yule aliyemtesa maisha yake yote kwamba binti yake hataguswa. Birju anamfia mikononi, na bangili alizomrudishia zimelowa damu.

Wazee wanasema mchelea mwana kulia hulia mwenyewe, na kuna watu wanaoimaliza Mother India kwa methali hiyo wakaenda zao kulala. Ni kweli Radha alimdekeza. Lakini Birju ana hoja. Deni lile ni dhuluma, kila mtu kijijini anajua hivyo, na yeye peke yake ndiye aliyekataa kulizoea. Mehboob Khan angeweza kumfanya mwana mhuni tu ili kumrahisishia mama kazi. Hakufanya hivyo. Alimpa mama kazi ya kumuua mwana aliyekuwa akimdai haki yake mwenyewe, kwa sababu haki hiyo ilikuwa sasa inapita juu ya mwili wa msichana asiye na kosa. Kwa Radha, binti wa adui ni binti wa kijiji.

Kuna jambo la pembeni ambalo wapenzi wa picha hizi hawachoki kulisimulia. Nargis, aliyecheza Radha, na Sunil Dutt, aliyecheza Birju, wote walizaliwa Juni 1929, tena mama ndiye aliyemtangulia mwana kwa siku tano. Wakati wa kupiga tukio la moto, ndimi za moto zilimzingira Nargis na Sunil Dutt akaingia kumtoa. Machi 1958 wakaoana. Na miaka sita kabla ya Mother India, katika Awara ya mwaka 1951, Nargis alikuwa ndiye mchumba ambaye vijana wa Majestic ya Zanzibar na Avalon ya Dar es Salaam walimwota, wakati huohuo waimbaji wa taarabu wakizichukua tuni za filamu hizo na kuzitia maneno ya Kiswahili. Mara huyo huyo mchumba anarudi na mvi na bunduki.

Mwaka 1975 waandishi wawili, Salim Khan na Javed Akhtar, waliichukua hadithi ile kutoka shambani wakaileta mjini Bombay. Deewaar, iliyoongozwa na Yash Chopra, ina mama mmoja na wana wawili pia. Baba alikuwa kiongozi wa wafanyakazi. Matajiri walipoiteka familia yake akalazimika kutia saini ya kuwasaliti wenzake, kisha akatoroka kwa fedheha. Wafanyakazi waliokasirika walimshika mtoto mkubwa, Vijay, wakamchanja mkononi maneno ya kumtangaza baba yake kuwa mwizi. Mama anakimbia na watoto, wanalala chini ya daraja, anabeba mawe kwenye ujenzi. Vijay, ambaye ni Amitabh Bachchan, anakuwa kuli bandarini na baadaye mfanya magendo mkubwa. Mdogo wake Ravi, ambaye ni Shashi Kapoor, anakuwa polisi. Vijay anafikia hata kulinunua jengo ambalo mama aliwahi kulibebea mawe, amkabidhi. Mama akishajua fedha zinatoka wapi anahama na Ravi.

Ndugu hao wanakutana usiku chini ya lile daraja lao la zamani. Vijay anaorodhesha alivyo navyo: majumba, gari, akiba benki. Anamuuliza mdogo wake, wewe una nini? Ravi anajibu kwa utulivu kwamba yeye anaye mama. Jibu hilo limeingia katika mazungumzo ya watu kiasi kwamba mwanamuziki A. R. Rahman, alipopokea tuzo za Oscar mwaka 2009 kwa kazi yake katika Slumdog Millionaire, alilitaja jukwaani.

Mimi jibu hilo linanikera kidogo. Lisikilize vizuri. Vijay ametaja mali zake, na Ravi ametaja yake, na katika hesabu hiyo mama amewekwa safu moja na gari. Hakuna aliyemuuliza mama yeye ana nani. Filamu inakuja kumlipa baadaye: Sumitra Devi, yaani Nirupa Roy, anamkabidhi Ravi bastola yake na kumwombea mkono usitetemeke akimkabili kaka yake, kisha anasema kwamba kazi ya raia ameimaliza, sasa anakwenda hekaluni kumsubiri mwanawe. Vijay anafika na risasi mwilini na kukata roho kichwa kikiwa mapajani mwa mama. Ni tukio kubwa, na nimeshaona wanaume wazima wakijifanya kukohoa. Hata hivyo Yash Chopra alimruhusu mama ale pande zote mbili: sheria imetimizwa kwa mkono wa mwingine, na yeye amebaki na mwana mapajani. Radha hakupewa nafuu hiyo. Nirupa Roy naye baada ya hapo hakupumzika tena, akawa mama wa Bachchan katika filamu moja baada ya nyingine, ilhali alimzidi kwa miaka kumi na mmoja tu.

Mama kuwekwa kati ya mwana na mji ni jambo la kale. Katika Coriolanus ya Shakespeare, jemadari aliyefukuzwa Roma anarudi na maadui kuuteketeza mji. Wajumbe wote wameshindwa. Anapelekwa mama yake, Volumnia, ambaye ndiye aliyemlea apende vita, na anampigia mwanawe magoti. Mama kumpigia mwana magoti! Jemadari analegea, huku akijua kwamba kwa kulegea amejiua. Mji unapona, mwana anauawa. Mwalimu Nyerere alipokaa kumtafsiri Shakespeare alichukua Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi. Laiti muda ungemruhusu kuichukua na hii.

Pwani yetu tunayo ya kwetu, na naiona nzito kuliko ya Waroma. Fumo Liongo, mshairi na shujaa wa pande za Pate na mlango wa mto Tana, ametiwa gerezani na mtawala aliyeogopa nguvu zake. Mama anapika kila siku na kumtuma kijakazi Saada apeleke chakula. Walinzi wanakula kilicho kizuri na kumwachia mfungwa makombo. Ndipo Liongo anaimba, na ndani ya wimbo amemfichia mama maagizo: aoke mkate wa wishwa na katikati yake aweke tupa. Walinzi wanafunua kawa, wanaona mkate wa wishwa, wanaucheka, wanamrushia. Siku ya ngoma ya gungu, makelele ya matari na upatu yanafunika sauti ya chuma kikikwaruzwa, na Liongo anakata pingu.

Tazama akili iliyomo humo. Mama amesoma tabia ya walinzi kwa siku nyingi kupitia macho ya kijakazi. Amejua kwamba mlafi hapekui chakula asichokitaka. Mwana ametunga wimbo, ndiyo, na wasimulizi wote wanausifu wimbo, kwa kuwa wasimulizi ni washairi. Aliyetafuta tupa, akaikandia unga, akauoka mkate usipasuke na kuanika siri, ni yeye. Na ukiwauliza watu barazani jina lake, wengi watakutajia Saada kwanza, kisha watanyamaza.

Huu ni upande wa mwanzo wa hadithi: mama amemchagua mwana dhidi ya mji. Upande wa pili hausimuliwi sana kwa watoto. Liongo anachomwa kitovuni na sindano ya shaba usingizini, na anayemchoma ni mwanawe mwenyewe, aliyeahidiwa mke na mtawala. Anaamka na jeraha, anachukua upinde, anakwenda kisimani, anapiga goti na kuuvuta mshale, anafia palepale katika hali hiyo. Watu wanamwona kwa mbali, wanadhani yu hai na amewakasirikia. Hakuna anayethubutu kuchota maji. Siku zinapita. Mji wenye kiu unakumbuka kwamba shujaa ana mama, wanamwendea na kumsihi akamtulize mwanawe. Anakwenda. Anambembeleza kwa nyimbo, leo, kesho, na hajibiwi, mpaka mwili unapoanguka na watu wakajua kwamba walikuwa wakiiogopa maiti.

Askofu Edward Steere aliichapa simulizi hii katika mkusanyiko wake wa hadithi za Kiswahili mwaka 1870, na Muhammad Kijumwa wa Lamu akaitungia utenzi mwaka 1913. Kinachonishangaza kila ninapoirudia ni ufidhuli wa wale watu wa mji. Walimfunga mwanawe, wakamnunua mjukuu wake amuue baba yake, kisha wakaja mlangoni kwa heshima zote, shikamoo mama, tunaomba utusaidie, tuna kiu. Volumnia angalau alijua anaokoa nini. Mama wa Liongo alitumwa kutuliza hasira ya mtu ambaye mji wenyewe ulikuwa umeshamuua.

Mwaka uleule wa Mother India, mwandishi mmoja alilijibu swali hili kutoka upande wa mwana. Desemba 1957 Albert Camus alikuwa Stockholm kupokea Tuzo ya Nobel, na Algeria, nchi aliyozaliwa, ilikuwa vitani ikipigania uhuru kutoka kwa Wafaransa. Kijana mmoja wa Kialgeria alimkabili mbele ya watu: mbona hupazi sauti kuhusu Algeria? Camus akajibu kwamba mabomu yanategwa katika tramu za Algiers, kwamba mama yake anaweza kuwa ndani ya mojawapo, na kama haki ndiyo hiyo, yeye anamchagua mama yake. Alishambuliwa vibaya kwa jibu hilo, hasa na wenzake wa Paris, na kwa mtu aliyetawaliwa si rahisi kulisikia bila kuuliza: na mama za wengine je? Waalgeria waliokuwa wakiteswa na jeshi la Ufaransa nao walikuwa na mama.

Ila huyo mama alikuwa nani? Catherine Sintès alikuwa mfanya usafi katika mtaa wa Belcourt, Algiers, mjane wa vita, masikio mazito, asiyejua kusoma. Camus alipokufa katika ajali ya gari Januari 1960, mswada wa riwaya yake ya mwisho ulikutwa ndani ya mkoba eneo la ajali. Aliuandikia tabaruku kwa mama huyo, akikiri kwamba kitabu hicho hataweza kukisoma kamwe. Riwaya yenyewe, Le Premier Homme, ilichapishwa mwaka 1994. Mwana amepata Nobel kwa maneno, na mtu aliyemwandikia hawezi kulifungua hata neno moja.

Hapo ndipo kasoro kubwa ya hadithi hizi ilipo. Karibu zote zimesimuliwa na mwana. D. H. Lawrence alimpoteza mama yake mwaka 1910, na mwaka 1913 akatoa Sons and Lovers, riwaya ambayo mama anampenda mwana hadi hakuna msichana anayeweza kuingia kati yao, na mwisho mwana anamsagia mama mgonjwa dawa nyingi za usingizi katika maziwa ili asiendelee kuteseka. Ni riwaya ya kweli na ya ujasiri, lakini kila tunachojua juu ya mama tunakijua kwa ruhusa ya mwana. Alfred Hitchcock alifanya mzaha mkali juu ya jambo hilo katika Psycho, mwaka 1960. Mama wa Norman Bates anafoka, anakataza, anaua, na mwisho tunagundua kwamba amekufa miaka mingi. Kila neno tulilomsikia akisema alisemewa na mwanawe. Watu walitoka kwenye kumbi wakiogopa kuoga. Kwa maoni yangu kisu cha bafuni si kitu mbele ya hiyo sauti.

Tangu Freud, ukitaja mama na mwana mbele ya wasomi wa Ulaya wanakurukia na Oedipus. Samuel Mushi aliileta tamthilia hiyo ya Sophocles kwa Kiswahili kwa jina la Mfalme Edipode, na msomaji wa Kiswahili anayeifungua bila kumpitia Freud huona jambo jingine kabisa. Yokasta ndiye anayeng'amua kwanza. Mfalme bado anahoji mashahidi, bado anataka kujua yeye ni mtoto wa nani, na mkewe, ambaye kumbe ni mama yake, ameshaelewa. Anamsihi aache kuuliza. Hamwambii kwa nini. Anaingia ndani. Mama anataka mwanawe asijue, hata kama gharama ya kutojua huko ni yeye kubaki na siri peke yake.

Abdulrazak Gurnah ana mama wa aina hiyo. Katika Gravel Heart, riwaya yake ya mwaka 2017, Salim ni mtoto wa Zanzibar ambaye baba yake, Masud, amehama nyumbani bila maelezo na kujifungia chumba cha uani nyuma ya duka la watu. Kila siku mama yake, Saida, anapika, anapanga vyakula katika kikapu, na Salim anatumwa kumpelekea baba. Anarudi na vyombo vya jana. Mtoto hajui kwa nini baba anaishi kule, kwa nini mama anayemwacha mume ahame bado anampikia, kwa nini baba anapokea bila kusema neno. Anajua tu njia, uzito wa kikapu, na macho ya majirani. Na nyumbani kuna gari linalokuja kumchukua mama.

Msomaji wa pwani hawezi kukiona kikapu kile asimkumbuke Saada na chakula cha Liongo. Tofauti ni kwamba humu hamna tupa. Chakula hakimfungui mfungwa, kinamweka hai tu ili aendelee kufungwa.

Salim anachukuliwa na mjomba wake Amir kwenda London kusoma. Anamwandikia mama barua, na nyingine haziposti, zile zenye maswali. Mama anakufa ghafla kabla hajaulizwa. Salim anarudi Zanzibar, na ni baba ndiye anayemsimulia, usiku kwa usiku. Amir alikamatwa kwa kosa la kutembea na dada wa mkubwa mmoja wa serikali. Mkubwa huyo akamwita Saida na kumtajia bei ya kumwachia ndugu yake. Shakespeare aliwahi kuiweka hali hiyo jukwaani katika Measure for Measure, na jina la riwaya limetoka humo. Katika Shakespeare dada anakataa. Saida alikubali. Mume akavunjika, mwana akakua na kitendawili, na mjomba aliyeokolewa akawa balozi mwenye suti nzuri anayempigia kelele mpwa wake London.

Ndiyo kusema Saida naye aliwekwa njia panda, ila hakumchagua mwana wala mji; alimchagua ndugu yake. Na hatumsikii akijieleza. Gurnah ni mwandishi makini kupita kiasi kusahau jambo kama hilo, kwa hiyo naliona kama uamuzi: aliyemkosea Saida ni mwanamume mwenye madaraka, waliomhukumu ni mume na mwana, na hata habari yake ikaja kusimuliwa na mwanamume. Nilipofunga kitabu nilikuwa na hasira na Masud kuliko na yule mkubwa. Yule mkubwa hakuwa na haja ya kuelewa. Masud alielewa yote, akachagua kuwa mtu wa kuletewa chakula.

Je, mama akishika kalamu mwenyewe anamwambia nini mwanawe? Fasihi yetu ina mama mmoja mkubwa mwenye kalamu, Mwana Kupona binti Mshamu wa pande za Pate, aliyeandika utenzi wake mwaka 1858 akiwa mgonjwa. Alikuwa na mtoto wa kiume pia. Mawaidha alimwandikia binti: namna ya kuishi na mume, na watu, na Mungu. Pengine aliona mwana wa kiume atafundishwa na wanaume. Hasara ni yetu.

Kwa hiyo lazima niende mbali kidogo, Guguletu, nje ya Cape Town. Tarehe 25 Agosti 1993 mwanafunzi wa Kimarekani, Amy Biehl, aliyekuwa Afrika Kusini akisaidia maandalizi ya uchaguzi, aliwapeleka rafiki zake nyumbani kwa gari. Kundi la vijana likalisimamisha kwa mawe na kumuua kwa kuwa alikuwa mzungu. Mwandishi Sindiwe Magona, aliyewahi kuishi Guguletu, baadaye aligundua kwamba mama wa mmoja wa washitakiwa ni mwanamke aliyemfahamu tangu utoto. Mwaka 1998 akatoa Mother to Mother. Ni riwaya, na msimulizi wake, Mandisa, ni mama wa muuaji akizungumza na mama wa aliyeuawa.

Mandisa haombi huruma ya rahisi. Anaanza kwa kukiri kwamba mwanawe ameua. Kisha anarudi nyuma na kumsimulia mama mwenzake mtoto huyo alitoka wapi. Kuna kisa kimoja humo ambacho nakiona ndicho moyo wa kitabu. Mxolisi ana miaka minne hivi. Polisi wanavamia nyumba kuwatafuta vijana wawili wa jirani, marafiki wakubwa wa mtoto, ambao wamejificha ndani ya kabati. Polisi hawawaoni, wanakaribia kutoka. Mtoto, akidhani ni mchezo wa kujificha, anaonyesha kidole: si hawa hapa. Vijana wanakimbia na kupigwa risasi mbele yake. Mxolisi anaacha kusema, na anakaa bubu kama miaka miwili.

Magona hasemi kwamba kwa ajili ya hilo Mxolisi ana haki ya kuua. Mandisa anajilaumu, anamlaumu mwanawe, anailaumu serikali ya ubaguzi, na kuna mahali anamshangaa hata marehemu kwa kutojua kuogopa mahali ambapo kila mtu anaogopa. Anasema mambo ambayo mama wa kwenye filamu haruhusiwi kuyasema, mojawapo likiwa kwamba mimba ya mtoto huyo ilimharibia maisha. Anampenda, na hamfichi mbele ya mama mwenzake. Mji upo, na una hasira. Mwana yupo, na ana damu mikononi. Kati yao Magona ameweka mtu wa tatu ambaye Mehboob Khan hakumfikiria, mama wa upande wa pili, anayeambiwa kila kitu na kuachiwa aamue anachotaka kufanya nacho.

Mwaka huohuo wa 1998 Tume ya Ukweli na Maridhiano iliwapa msamaha vijana wanne waliofungwa kwa mauaji hayo, na wazazi wa Amy Biehl hawakupinga. Wawili kati yao walikuja kufanya kazi katika taasisi iliyoanzishwa kwa jina la binti yule. Mtunzi mwingine angeipania sana habari hiyo aifanye sura yake ya mwisho. Magona aliimaliza riwaya yake kwa ile alasiri ya Agosti, gari likikunja kona kuingia Guguletu.